Nadharia ya mtandao wa watendaji: maswali yanayoulizwa mara kwa mara na watafiti wa Nyanda za Juu Kusini

Maswali haya huulizwa tena na tena na wanafunzi wa uzamili na watafiti wachanga wa Mbeya, Iringa, Njombe na Songwe. Kuna wa kilimo, wa uhandisi, wa TEHAMA, wa afya, wa historia. Si lazima usome yote. Kila jibu linajitegemea, na pale jambo lilipokwisha kuelezwa utaelekezwa kwa namba ya swali.

## Msingi

1. Kwa lugha ya kawaida, nadharia hii inasema nini?

Inasema kwamba jambo tunaloliita la kijamii, liwe soko, sheria, mradi wa maji au hata ukweli wa kisayansi, husimama kwa sababu watu na vitu vimeshikanishwa. Kazi ya mtafiti ni kufuata namna vilivyoshikanishwa, nani alivishikanisha, na wapi vinaachia.

Chukua lumbesa ya viazi. Sheria ya vipimo hairuhusu gunia la mazao kuzidi kilo 100, Wakala wa Vipimo hupita kukagua, viongozi hukemea, na msimu ukifika lumbesa imerudi. Maelezo ya haraka ni kwamba wanunuzi wana tamaa na wakulima hawana elimu. Maelezo hayo hayana faida kwa mtafiti, kwa sababu tamaa ipo kila mahali na lumbesa haipo kila mahali.

Lifuate gunia lenyewe. Kuna kipande kinachoshonewa juu kwa kamba ili libebe zaidi. Kuna shamba lisilo na mzani. Kuna mpakiaji anayelipwa kwa gunia, ushuru unaohesabiwa kwa gunia, nauli ya fuso inayokubaliwa kwa gunia. Kuna viazi vilivyokwisha kuchimbwa ambavyo haviwezi kumngoja mnunuzi mwingine kwa wiki kadhaa. Mnunuzi anayelipa kila hatua kwa hesabu ya gunia ana kila sababu ya kulikuza gunia. Marufuku inagusa uzi mmoja, nyingine zote zinabaki zimefungwa. Hayo ndiyo maelezo yanayotafutwa na nadharia hii: yanaonyesha ni kitu gani kikibadilishwa (kwa mfano mzani ukiwekwa pale malipo yanapofanyika) mambo mengine yatalazimika kubadilika nacho.

2. Ilianzia wapi, na kwa nani?

Iliibuka mwanzoni mwa miaka ya 1980 katika kituo cha sosholojia ya uvumbuzi cha École des Mines, Paris, kwa kazi za Michel Callon, Bruno Latour na Madeleine Akrich, pamoja na John Law wa Uingereza. Latour alikuwa tayari amekaa kwenye maabara ya Taasisi ya Salk huko California, akiwatazama wanasayansi wakigeuza majaribio kuwa maandishi na maandishi kuwa ukweli unaokubalika. Kitabu alichoandika na Steve Woolgar kuhusu maabara hiyo kilitoka mwaka 1979. Kabla ya California alifanya utafiti Abidjan, Ivory Coast, jambo ambalo walimu wetu hawalitaji mara nyingi. Alifariki Oktoba 2022.

3. Kweli mnasema gunia lina nia kama binadamu?

Hapana. Hili ndilo swali linaloulizwa kwa ukali kuliko yote, na wenye kuuliza wana haki ya kulijua jibu mapema.

Latour alitoa mfano wa tuta la barabarani. Ukishuka kutoka Uyole kuelekea mjini, au ukipita mji wowote mdogo kwenye barabara kuu ya kwenda Tunduma, unakutana nayo. Kibao kinamwambia dereva apunguze mwendo kwa sababu kuna watoto wa shule. Tuta linamfanya apunguze kwa sababu anaogopa kuvunja springi. Matokeo yanafanana, lakini sababu imehama kutoka kwenye utu wa dereva kwenda kwenye gari lake, na kazi ya askari imekabidhiwa kwa udongo na lami. Tuta halina nia, lakini linatenda kwa maana hii tu: ukiliondoa, mwendo wa mambo unabadilika.

Kigezo hicho kinatosha. Ukiandika kwamba "simu iliamua" au "mbegu ilikataa", hakikisha unaweza kuonyesha mabadiliko yaliyotokea. Usipoweza, umeandika ushairi.

4. Mtandao unaozungumzwa ni wa intaneti au wa simu?

Wala si mojawapo. Ni mahusiano yoyote yanayofanya kazi kwa pamoja, yawe na waya au yasiwe nayo. Barua yenye muhuri, njia ya miguu na deni la dukani vinaweza kuwa sehemu ya mtandao.

5. Ni nadharia au ni mbinu ya utafiti?

Mwaka 1999 Latour mwenyewe alisema, kwa utani wenye ukweli, kwamba kuna vitu vinne vyenye kasoro katika jina la Kiingereza la nadharia hii, "actor-network theory": neno la mtendaji, neno la mtandao, neno la nadharia, na kistari kinachoyaunganisha. Kwa kazi zetu, ichukulie kama namna ya kuuliza na kufuata. Haitabiri. Haikwambii ni nani mwenye nguvu kabla hujaenda uwandani. Ukiandika "nadharia hii inatabiri kwamba wakulima wataasi teknolojia", msomaji anayeijua ataacha kusoma hapo.

## Dhana zinazowachanganya watu

6. Zile hatua nne za utafsiri ni zipi, na je, lazima nizitumie?

Utafsiri hapa si wa lugha; ni namna mtu anavyowavuta wengine kwenye mpango wake hadi akasema kwa niaba yao. Hatua hizo zinatoka kwenye makala ya Callon ya mwaka 1986 kuhusu kombe (viumbe wa baharini wenye magamba) wa ghuba ya Saint-Brieuc, Ufaransa. Watafiti watatu walirudi kutoka Japani na wazo la kufuga kombe kwa kuwawekea vitu vya kujishikiza. Kwanza wakaeleza tatizo kwa namna iliyowafanya wao wawe wa lazima: wavuvi wanataka kipato cha kudumu, kombe wanataka kuzaliana, wanasayansi wenzao wanataka maarifa, na wote watafika wanakotaka wakikubali jaribio hili. Pili wakawavuta wahusika, kila mmoja kwa chambo chake. Tatu wakawapa nafasi na majukumu. Nne wakaanza kusema kwa niaba ya wote, wakitumia viongozi wachache wa wavuvi na kombe wachache waliojishikiza.

Kisha mtandao ukasambaratika. Viluwiluwi vya kombe vikaacha kujishikiza, na wavuvi wakavamia eneo lililohifadhiwa usiku wa kuamkia Krismasi. Sehemu hii ndiyo yenye thamani, na ndiyo inayoachwa katika tasnifu nyingi. Wanafunzi huchukua hatua nne, wakazifanya vichwa vinne vya sura, wakamwaga data humo. Mradi wowote duniani unaweza kupangwa hivyo, kwa hiyo mpangilio huo hauonyeshi kitu. Zitumie ikiwa una kesi ambayo mtu fulani anajaribu kusema kwa niaba ya wengine na wewe unaweza kuonyesha walipomkubali na walipomkana. La sivyo, ziache.

7. "Mlango wa lazima" ni nini?

Ni mahali ambapo kila mhusika hulazimika kupita ili apate anachotaka. Mfano ulio karibu ni alama za vidole. Kuanzia Mei 2019 laini za simu Tanzania zilianza kusajiliwa kwa alama za vidole na namba ya kitambulisho cha taifa, na baada ya kuongezwa muda, tarehe ya mwisho ikawa 20 Januari 2020. Mtu aliyetaka kumtumia mama yake pesa tu alijikuta kwenye foleni ya kitambulisho. Ofisi ya usajili, kidole, mashine ya kusoma kidole na laini ya simu vikawa kitu kimoja. Mkulima mzee ambaye vidole vyake vimesuguliwa na jembe na mashine ikashindwa kuvisoma hakuwa na ubishi na serikali wala na kampuni ya simu. Ubishi wake ulikuwa na kioo kidogo.

Ukiudai mlango wa lazima kwenye kazi yako, onyesha pia waliotafuta dirisha: wanaotumia laini ya mtoto, ya jirani, ya wakala.

8. Na "kisanduku cheusi"?

Ni mtandao uliotulia hadi watu wakasahau yaliyo ndani yake. Huduma ya pesa kwa simu ni mfano. M-Pesa ilianza Tanzania mwaka 2008, na baada ya muda watu wengi waliona jambo moja tu: natuma, inafika. Tozo ya miamala ilipoanza Julai 2021, kisanduku kilifunguka. Watu waliokuwa hawasomi ujumbe wa muamala wakaanza kuusoma mstari kwa mstari, wakapigia hesabu makato, wakagundua kuna wakala, kampuni, benki na hazina ndani ya kitendo kimoja cha kubonyeza. Tozo ikapunguzwa mwaka huohuo. Mtafiti wa nadharia hii hupenda nyakati kama hizo, maana mambo yakienda sawa hakuna anayeeleza chochote.

## Fani mbalimbali

9. Nasoma kilimo. Nitaitumiaje kwenye mbolea ya ruzuku?

Mpango wa ruzuku ulizinduliwa Mbeya kwenye Nane Nane ya mwaka 2022, na uliweka kati ya mkulima na mfuko wa mbolea vitu vipya: daftari la usajili la kijiji, namba ya mkulima, simu, mfumo wa kompyuta, wakala wa mbolea mwenye kifaa cha kuhakiki. Utafiti wa kawaida ungeuliza ni asilimia ngapi walipata. Wewe uliza jinsi ekari zinavyokuwa namba. Nani alisema shamba lina ekari tatu? Aliyekodi shamba amesajiliwa yeye au mwenye shamba? Mtandao wa simu ukipotea siku ya mnada, wakala anafanya nini, na anamwamini nani?

Kisha usiisahau mbolea yenyewe. Mvua ya kupandia ikianza, mbolea ya kupandia inayofika wiki tatu baadaye inakuwa kitu kingine kabisa, hata kama mfumo unaonyesha imepokelewa. Kalenda ya mvua haimo kwenye kompyuta, lakini imo kwenye mtandao.

10. Mimi ni mhandisi. Hii inanihusu nini?

Pengine inakuhusu kuliko wote. Akrich alionyesha kwamba kila mbunifu huandika ndani ya kifaa chake mtumiaji anayemdhania. Mfano wake maarufu, wa mwaka 1992, ni seti ya taa za sola iliyobuniwa kwa ajili ya nchi zinazoendelea. Wabunifu waliogopa kwamba watu wataiharibu, wakaweka plagi zisizo za kawaida na nyaya za urefu usiobadilishwa. Kwa hiyo waya usipofika ukutani, fundi wa mtaani hakuweza kusaidia. Kifaa kilikuwa kimekwisha kuamua kwamba fundi huyo hayupo.

Weka kando ya huo mfano wa pampu ya mkono ya Zimbabwe, uliochambuliwa na Marianne de Laet na Annemarie Mol mwaka 2000. Pampu ile hukubali kurekebishwa. Boliti ikipotea inaweza kuendelea kufanya kazi, kijiji hushiriki kuiweka, na mtu aliyeiendeleza, Peter Morgan, hakutaka kuimiliki. Waandishi wale walisema nguvu yake iko katika kutokuwa na mipaka migumu. Sasa nenda kwenye mradi wowote wa maji ya mserereko huku kwetu, utazame koki, mita, kamati na kadi ya malipo, ujiulize kila kimoja kimemdhania nani. Fundi wa kijiji anayekata mpira wa kandambili kutengeneza washa anakuambia jambo ambalo michoro haikusema.

Na TAZARA? Reli ile ya kilomita 1,860 ilijengwa kati ya 1970 na 1975 kwa upana wa milimita 1,067, sawa na reli za Zambia na kusini mwa Afrika. Reli ya Kati ina upana wa milimita 1,000. Tofauti hiyo ndogo inabeba uamuzi mzima wa kisiasa kuhusu upande gani nchi ilitaka kuungana nao, na ndiyo sababu Kidatu kuna kituo cha kuhamishia mizigo kutoka reli moja kwenda nyingine.

11. Nasoma TEHAMA, au biashara, au uhasibu.

Fuata floti, yaani salio la wakala wa pesa kwa simu. Kibanda cha wakala mwenye simu nne na bango la rangi si kitu bila salio, na salio linategemea safari ya benki, mkopo wa ndugu, na wakati ambao wateja wa mahindi wanakuja kutoa pesa wote kwa pamoja. "Sina floti" ni sentensi inayofungua mtandao mzima. Katika mifumo ya taarifa nadharia hii imetumika sana tangu miaka ya 1990, na katika masomo ya masoko Callon alisukuma hoja kwamba kanuni za wachumi hushiriki kuyajenga masoko yenyewe. Mengine yako swali la 8.

12. Wa afya tunaweza kuitumia bila kuonekana tunakana ugonjwa?

Ndiyo. Mol, katika kazi yake ya mwaka 2002 iliyofanyika hospitali ya Uholanzi, alifuata ugonjwa wa mishipa ya damu kuwa migumu. Kliniki ugonjwa ulikuwa maumivu ya mguu mtu akitembea. Chini ya hadubini ulikuwa ukuta wa mshipa ulionenepa. Viwili hivyo havikulingana kila mara, na hospitali ilifanya kazi kubwa kuviweka pamoja. Hakusema ugonjwa ni wa kubuni.

Jaribu hivyo kwa presha. Mgonjwa anasema ana presha ya kupanda au ya kushuka, mashine inatoa namba mbili, daftari la wagonjwa lina safu moja, na duka la dawa lina kipimo chake. Uliza lini hizi zinakubaliana na nani analazimika kuzikubalisha.

13. Historia nayo?

Fikiria fuvu la Mtwa Mkwawa, lililoko Kalenga. Mkwawa alifariki mwaka 1898. Mkataba wa Versailles wa 1919, kifungu cha 246, ulitaka Ujerumani ilirudishe fuvu lake. Halikurudi hadi mwaka 1954, baada ya Gavana Edward Twining kwenda kwenye makumbusho ya Bremen. Kule palikuwa na mafuvu mengi, na uteuzi ulitegemea vipimo vya kichwa vilivyolinganishwa na vya jamaa zake, pamoja na alama ya risasi. Tazama walioshiriki: kifungu cha mkataba, kabati la makumbusho, kanuni ya kupima vichwa iliyozaliwa na ukoloni wenyewe, vichwa vya ndugu walio hai, gavana mwenye haja ya kupatana na Wahehe.

Mtu akiuliza "ni lenyewe au si lenyewe?" nadharia hii haitoi jibu la maabara. Inakuonyesha jinsi uhakika ulivyojengwa, na kwa nini umesimama. Ukiandika kuhusu hili, anza kwa adabu. Kwa wengi wa Iringa fuvu hili ni mtu wao, na ukilitaja kama kifaa cha nadharia tu, mazungumzo yataisha hapo.

## Kufanya utafiti wenyewe

14. Naanzia wapi?

Anzia kwenye ubishi, au kitu kilichoharibika. Mita mpya ambayo watu wameigomea inafundisha zaidi ya mita kumi zilizokubalika.

15. Nitajuaje mtandao unaishia wapi? Gunia litanifikisha hadi kiwanda cha nailoni.

Litakufikisha kweli, na bajeti yako haitafika. Unakata wewe, na unaandika kwa nini umekata. Kanuni ninayowapa watu ni kuacha kufuata pale ambapo kiungo kinachofuata hakibadilishi tena jibu la swali lako. Kama kiwanda cha magunia kinauza ukubwa mmoja tu na kamba ndiyo inayoongeza, kamba ifuate, kiwanda kitaje kwa sentensi moja.

16. Nimehoji watu thelathini. Inatosha?

Watu watakwambia walichofanya watu. Kaa pia mahali kazi inapofanyika, soma fomu, piga picha za matengenezo kwa ruhusa, tazama nini kinasubiriwa na nani anasubiri. Barua zako za kibali, kutoka chuo hadi mkoa, wilaya, kata na kijiji, ni data pia. Muhuri uliokosekana ukakurudisha Mbeya mjini umekuonyesha mlango wa lazima (swali la 7) kabla hujahoji mtu yeyote.

17. Msimamizi anataka mchoro wa dhana wenye vigeu huru na vigeu tegemezi. Nifanyeje?

Mchoro wa mishale unakutaka ujue kabla ya kwenda nani anasababisha nini. Nadharia hii inakataza hasa hilo. Kwa heshima, mweleze mwalimu, na umpelekee kitu mbadala mkononi: ukurasa mmoja unaoonyesha ubishi utakaouanzia, vitu na watu wa kwanza utakaowafuata, na mahali unapodhani utakatia. Uandike wazi kwamba utabadilika. Wasimamizi wengi hukubali wakiona kuna mpango.

Akikataa kabisa kwa sababu muundo wa chuo hauruhusu, chagua nadharia nyingine. Nimesoma kazi zenye Latour kwenye sura ya pili na regresheni kwenye sura ya nne, na sura hizo mbili hazikusalimiana hata mara moja.

## Maswali ya pembeni na magumu

18. Wakosoaji wanasema inawapendelea wenye nguvu. Ni kweli?

Kwa sehemu kubwa ya kazi za mwanzo, ndiyo. Ukimfuata Pasteur, mwanasayansi ambaye Latour aliandika habari zake, au meneja wa mradi, unaona dunia kwa macho yake. Susan Leigh Star aliandika mwaka 1991 kuhusu mzio wake wa vitunguu: mgahawa wa chakula cha haraka umepangwa vizuri kwa wote isipokuwa yeye, na mpangilio ule unaoitwa imara unamgharimu yeye peke yake. Tangu hapo swali la "imara kwa nani?" limekuwa la lazima. Huku kwetu liulize kwa mwanamke anayelima shamba lililosajiliwa kwa jina la mume.

Historia ndefu pia inaweza kupotea. Ardhi ya chai ya Mufindi au Rungwe haikupatikana jana, na ukiufuata mtandao wa msimu mmoja tu hutauona ukoloni.

19. Wanakijiji wanasema kuna mtu amezuia mvua, au mizimu haitaki bomba lipite msituni. Niwaweke kwenye mtandao?

Kama bomba lilipindishwa kukwepa msitu wa matambiko, msitu na mizimu vimebadilisha urefu wa bomba, na bili yake. Andika hivyo, bila kucheka na bila kuthibitisha. Lakini tuhuma dhidi ya mtu hai ni jambo jingine. Usiandike jina, ukoo, kitongoji wala alama yoyote ya kumtambua. Katika mikoa hii watu wameuawa kwa tuhuma za uchawi, na tasnifu yako inaweza kusomwa na wasiokusudiwa.

20. Akili mnemba inabadilisha lolote?

Inaongeza hamu ya kusema "mashine imeamua". Rudi swali la 3. Programu inayotambua ugonjwa wa mahindi kwa picha ina ndani yake watu waliozipa picha majina, mashamba zilikopigwa, na simu yenye kamera nzuri. Ipeleke Makete kwenye ukungu wa asubuhi, uone picha inavyotoka.

21. Ni lini niiache kabisa?

Ukitaka kujua mbolea inaongeza gunia ngapi kwa ekari, panga mashamba ya majaribio. Ukitaka kujua kaya ngapi Kyela zina chandarua, fanya sampuli. Na kama jambo lako limetulia, hakuna anayelibishania, hakuna kilichoharibika wala anayelalamika, utaandika kurasa mia za maelezo na mtahini atakuuliza swali ambalo hukulijibu.